Jinsi ya kuunda wahusika wa filamu ya kutisha yenye bajeti ndogo

Mwenye kamera moja, nyumba ya kuazima na waigizaji sita hana cha kumshikilia mtazamaji isipokuwa watu. Hawezi kulipua magari wala kujenga jumba la kifahari. Ndiyo maana filamu za kutisha za bei rahisi, zile za Marekani zilizouza damu na mshtuko kuanzia miaka ya 1960 hadi 1980, zilituachia jamii ya wahusika tunaowatambua dakika ya kwanza wanapoingia: muuaji mwenye barakoa, binti anayesalia, mzee anayeonya, mkaidi anayegombea funguo, vijana wa mizaha.

Wapo wanaowadharau wahusika hawa wakisema ni wa kukariri. Mimi nawaheshimu. Kila mmoja wao alizaliwa kutokana na shida halisi ya watu waliokuwa wakishuti bila fedha, na ukiijua shida hiyo utajua namna ya kumtumia mhusika huyo hata leo. Hizi ndizo hatua ninazozifuata na kuzipendekeza kwa yeyote anayeandika skripti yake ya kwanza.

Hatua ya 1: Hesabu ulicho nacho kabla ya kumpa mhusika yeyote jina

Chukua karatasi uandike mahali unapoweza kushuti bure, watu watakaokuja kweli, siku walizo nazo, na vifaa vilivyomo ndani ya nyumba hiyo. Usianze na hadithi. Wahusika watoke kwenye karatasi hiyo.

Kundi lililotengeneza Night of the Living Dead karibu na Pittsburgh, filamu ya wafu wanaofufuka na kula watu iliyotoka mwaka 1968, lilikuwa na dola 114,000 hivi na nyumba ya shambani. Watayarishaji wenyewe waliingia mbele ya kamera: Russell Streiner akawa kaka anayemtania dada yake makaburini, Karl Hardman akawa baba aliyejificha chini ya nyumba na familia yake. Kwa kuwa hawakuweza kuwatembeza wahusika huku na huko, waliwafungia ndani, kisha wakampa kila mmoja wazo lake kuhusu namna ya kuokoka. Wazimu wa nje unaonekana kwa vipande tu. Ugomvi wa ndani ndio unaoibeba filamu.

Somo kubwa zaidi la hesabu liko kwenye Halloween ya John Carpenter, mwaka 1978, iliyogharimu kama dola 325,000. Mwigizaji mwenye jina alikuwa mmoja, Donald Pleasence, aliyelipwa dola 20,000 kwa siku tano za kazi. Itazame tena filamu hiyo ukiwa na jambo hili kichwani. Daktari anayemwigiza, anayemsaka muuaji, yuko barabarani, yuko makaburini, yuko nje ya nyumba ya muuaji gizani akisubiri na mkuu wa polisi. Anamkuta Laurie, binti ambaye filamu nzima ni yake, mwishoni kabisa. Njia ya daktari imetengwa na njia ya vijana, kwa hiyo sini zake zote zinaweza kushutiwa kwa mkupuo, naye akaenda zake. Mtaalamu anayejua ukweli na kukimbizana na wakati peke yake ni mhusika anayeendana na mkataba wa siku tano.

Basi ukiwa na mwigizaji mmoja mzuri asiye na muda, mwandikie mtu anayetembea njia yake: daktari, mpelelezi, mtangazaji wa redio, jirani anayepiga simu. Usimweke kwenye kundi la vijana. Siku atakayokosekana, kundi zima litasimama.

Tena, kila mhusika mpe vazi moja linalotambulika kwa mbali. Wakati wa kutengeneza The Evil Dead huko Tennessee, waigizaji wengi waliondoka kabla kazi haijaisha, na mwongozaji Sam Raimi akamalizia kwa kuwavalisha watu wengine nguo zao na kuwapiga picha kwa mgongo au kwa mkono tu. Shati la rangi moja tu lingetosha kuokoa siku yako namna hiyo.

Hatua ya 2: Mpe muuaji kazi na kero, umnyime maelezo

Barakoa ni rafiki wa mtu asiye na fedha. Nyuma yake anaweza kusimama yeyote, hakuna mekapu ya saa nne kila asubuhi, na uso usiobadilika unamwachia mtazamaji ajaze mwenyewe. Ile ya Halloween ilikuwa ya dukani, ya sura ya nahodha wa tamthilia ya runinga, iliyonunuliwa kwa chini ya dola 2. Waliipulizia rangi nyeupe, wakaipanua matundu ya macho na kuzivuruga nywele. Ukishindwa hata hiyo, fanya kamera iwe macho ya muuaji, kisha tuonyeshe mikono na viatu. Friday the 13th ya mwaka 1980 ilienda hivyo kwa muda mrefu, na ilipomleta muuaji wake mbele ya taa tukakuta ni mama aliyefiwa na mtoto, mwenye sweta na sauti ya upole.

Lakini barakoa peke yake inachosha baada ya dakika ishirini. Kinachomfanya muuaji adumu ni kazi yake ya kila siku. Blood Feast ya mwaka 1963, iliyoshutiwa Miami kwa takriban dola 24,500, ina uigizaji mbaya kupita kiasi, ila muuaji wake ni mpishi wa karamu, na hilo linampa jiko, sufuria, wateja na sababu ya kuingia nyumbani kwa watu. Kazi inakupa vifaa, mahali na maneno kwa pamoja. Usiandike tu "mtu mwovu". Andika fundi, mchinjaji, mlinzi wa zamu ya usiku, halafu ujiulize ana nini mkononi saa kumi na moja jioni.

Hakuna waliolifanya hili vizuri kama Tobe Hooper na wenzake kwenye The Texas Chain Saw Massacre ya mwaka 1974. Familia ile ya wauaji ilitoka kwenye kazi ya machinjioni, na mkubwa wao anaendesha kituo cha mafuta. Amekwisha kumkamata Sally, binti anayesalia katika filamu hiyo, amemfunga na kumtupa kwenye gari lake, halafu anarudi ndani kufunga na kuzima taa, akilalamika kwamba gharama ya umeme inatosha kumfilisi mtu. Baadaye anafika nyumbani na kugomba kwa sababu ndugu yake ameharibu mlango kwa msumeno wa mashine. Maneno hayo hayakugharimu hata senti. Mtu anayeua akiwa na hasira ya mlango ni wa kutisha kuliko yule anayecheka gizani, kwa sababu mtu wa mlango tunamjua, tumeishi naye.

Na huyo ndugu mwenye msumeno, Leatherface, ana sekunde chache ambazo ningependa kila mwandishi azitazame. Ameshaua kijana wa tatu aliyeingia nyumbani mwake bila kualikwa. Hashangilii. Anakimbilia dirishani, anachungulia kama kuna wengine wanakuja, kisha anakaa kitako akihema, amejaa wasiwasi. Kwa muda huo tunaona kwamba hata yeye anaogopa. Hakuna aliyesimama kutueleza utoto wake.

Hapo ndipo waandishi wengi wanapoharibu. Wanaogopa kutoeleweka, wanaandika kurasa tatu za historia ya muuaji na kuziweka mdomoni mwa polisi. Kama muuaji wako hasemi, mpe mtu mmoja wa kumsemea, kama daktari wa Halloween, naye aseme kidogo tena kwa hofu yake mwenyewe. Mengine yaache.

Hatua ya 3: Mtengeneze anayesalia kwa mchana, kabla ya usiku

Huyu ndiye moyo wa kazi, nami humtengea muda mwingi kuliko wote. Mwaka 1987 mwanazuoni wa Marekani Carol Clover alimwandikia uchambuzi na kumpa jina lililoshika: msichana wa mwisho. Tangu hapo watu wamemgeuza kuwa sheria, kwamba lazima awe bikira, asinywe, asivute, asicheke sana.

Zirudie filamu zenyewe utaona sheria hiyo haishiki. Jess wa Black Christmas, filamu ya Kanada ya mwaka 1974, ana mimba na amekwisha kumwambia mpenzi wake kwamba hataizaa. Laurie wa Halloween anavuta bangi ndani ya gari la rafiki yake. Sally wa Texas hana sifa yoyote ya kiadili tunayoonyeshwa. Ni binti aliyekuja kutazama kaburi la babu yake. Kinachowaunganisha ni kwamba wanaona. Laurie anaitazama gari iliyosimama ng'ambo ya shule wakati wenzake hawaitazami. Anamwona mtu nyuma ya uzio, anasema, wenzake wanacheka.

Kwa hiyo mpe mambo matatu, nayo yote yatokee jua likiwa bado juu.

Kwanza, jicho. Aone jambo dogo ambalo wengine wamelipita: dirisha lililokuwa limefungwa, mbwa asiyebweka. Mtazamaji naye aone, ili wawe na siri pamoja. Hapo mtazamaji ameshahamia upande wake bila hotuba yoyote ya kumsifu.

Pili, asiaminiwe, na awepo mwenye sababu nzuri ya kutomwamini. Rafiki aliyechoka, mpenzi mwenye haraka. Ukiwafanya wote wajinga, utamharibia na yeye, maana atakuwa mwerevu kati ya wapumbavu, jambo ambalo ni rahisi mno.

Tatu, mikono. Mikono yake ijue kitu. Laurie anakaa usiku na mtoto wa majirani, na kitu anachokifanya kwenye kochi ni kufuma. Muuaji anapomfikia nyuma ya kochi, silaha iliyo karibu ni sindano ya kufumia, naye anamchoma nayo shingoni. Baadaye amejibanza ndani ya kabati la nguo, mlango wa mbao unavunjwa, na mkononi hana kitu. Anavuta henga ya waya, anainyoosha kwa vidole vinavyotetemeka, anamchoma jichoni. Sindano, henga, na kisu anachokidondosha muuaji mwenyewe: silaha zake zote zimo ndani ya nyumba, na hakuna hata moja iliyohitaji fedha. Rudi kwenye orodha yako ya vifaa, chagua kitu kimoja, uandike ukurasa wa mchana ambao mhusika wako anakitumia kwa kazi yake ya kawaida. Ukurasa huo ukikosekana, mtazamaji ataona umemtupia silaha kutoka angani.

Si lazima ashinde. Sally hamuui hata mtu mmoja. Anaruka kupitia madirisha, anakimbia hadi barabarani, anaondoka nyuma ya gari la mizigo akiwa ametapakaa damu, akipiga kelele na kucheka kwa wakati mmoja. Ni kuokoka ambako kumemvunja mtu. Alice wa Friday the 13th anamkata muuaji kichwa. Yote mawili yanafaa, ila amua mapema, kwa kuwa binti anayekimbia na binti anayegeuka kupigana wanahitaji sini tofauti za mchana.

Wala si lazima awe msichana. Ash wa The Evil Dead anaanza akiwa kijana mwoga kuliko rafiki yake, na ndiye anayebaki.

Hatua ya 4: Wale watakaokufa wawe na shughuli zao

Kundi la vijana lina kazi ya kujaza muda, kuleta kicheko na kufa. Ukiwaandika kwa kazi hiyo tu, mtazamaji ataanza kuhesabu maiti, na hofu itakuwa imekwisha. Dawa yake ni rahisi: kila mmoja awe anataka jambo fulani usiku huo, jambo lisilohusiana kabisa na muuaji. Anataka kulipwa deni. Anataka kuomba radhi. Anataka wenzake watoke ili abaki na mpenzi wake. Kifo kikimkuta njiani kuelekea jambo hilo, kitauma.

Mfano mkubwa ni wa mwaka 1960. Hitchcock alipotengeneza Psycho kwa picha nyeusi na nyeupe, akitumia watu wengi wa kipindi chake cha runinga na takriban dola 800,000, alimpa mhusika wake Marion wizi wa dola 40,000, safari, usingizi ndani ya gari, na hatimaye uamuzi wa kuzirudisha. Amekata shauri. Anaingia kuoga kama mtu aliyetua mzigo. Anauawa hapo, filamu haijafika nusu. Ukimwondolea zile fedha, inabaki damu bafuni tu.

Mfano mdogo, unaofaa zaidi kwa bajeti yako, ni tochi ya Franklin na Sally katika The Texas Chain Saw Massacre. Franklin ni kaka yake Sally, yuko kwenye kiti cha magurudumu, analalamika tangu mwanzo, na wenzake wamechoka naye. Giza limeingia, marafiki hawajarudi, na ndugu hawa wawili wanagombea tochi: nani aishike, nani aende, nani abaki. Ugomvi wa kitoto kabisa, wa watu wawili wanaoogopa na hawataki kusema. Dakika chache baadaye Franklin hayupo. Waandishi wengi wangempa maneno ya upendo ya mwisho. Ugomvi wa tochi unauma zaidi, kwa sababu haukumalizwa.

Kuhusu mpangilio wa vifo, kanuni yangu ni moja: ondoa mapema yule ambaye mtazamaji amemtegemea. Mwenye gari, mwenye bunduki, mwenye kujua njia. Mwenye mizaha mbakize kidogo, kwa kuwa siku anayoacha kutania ndiyo siku wote watakayojua hali ni mbaya.

Hatua ya 5: Anayeonya

Asiyesikia la mkuu huvunjika guu, na kila msomaji anajua mzee huyu anakuja. Friday the 13th inaye Ralph, mzee wa baiskeli anayewaambia vijana kwamba wote watakufa. Sini moja au mbili zinamtosha. Mwandike mfupi, mwandike anayejali kweli, na asiwe na hakika ya kila kitu. Kama anajua mno, tutauliza kwa nini hajaenda polisi. Mzee mwenye maneno nusu, anayeondoka kwa aibu baada ya kuchekwa, anafaa kuliko nabii.

Hatua ya 6: Mkaidi awe na haki

Katika kundi lililofungiwa ndani, lazima awepo anayepinga. Wengi humwandika kama mbinafsi tu, ili tufurahi akifa. Harry Cooper, yule baba wa Night of the Living Dead, ni mwoga na mkali, na anamfungia mlango Ben, anayeliongoza kundi, anapokimbia kurudi ndani. Lakini binti yake ameumwa na mmoja wa wafu, amelala chini kwenye chumba cha ardhini, na msimamo wake kwamba wote washuke huko na kufunga mlango si upuuzi. Ben anaziba madirisha kwa mbao, tunampenda kwa bidii yake, na mwishoni anaokoka usiku ule akiwa ndani ya chumba kilekile alichokikataa.

Mjaribu mkaidi wako namna hii: andika mabishano hayo kwa upande wake, ukimtetea kama wakili wake. Ukishindwa kupata hoja inayokufanya usite, bado hujampata mhusika.

Hatua ya 7: Kagua urithi mbaya

Filamu hizi zilirithisha pia mambo ya aibu, nayo huingia kwenye skripti yenyewe bila mwandishi kukusudia. Msichana anayefurahia mapenzi ndiye anayekatwa kwanza, na kamera hukaa juu ya mwili wake muda mrefu kuliko juu ya mwenzake wa kiume. Mtu mweusi huingizwa ili ajitoe mhanga mapema. Ulemavu, makovu usoni au ugonjwa wa akili hutumika kama alama ya uovu. Watu wa vijijini huwa wote ni wala watu.

Chukua orodha ya wahusika, na mbele ya kila anayekufa andika sababu ya kifo chake kwa maneno matano. Kisha isome orodha kwa mfululizo. Kama sababu zinafanana, umeandika hukumu, na hofu imekukimbia. Badilisha watu, badilisha mpangilio, gawa makovu upya.

Duane Jones, mwigizaji mweusi, alipewa nafasi ya Ben kwa sababu alifanya majaribio vizuri kuliko wengine. Skripti haikutaja rangi. Ben ndiye anayeongoza na kuamua, na ndiye anayevuka usiku. Asubuhi anapigwa risasi na kundi la raia wenye bunduki waliokuja kusafisha eneo, wakidhani ni mmoja wa wafu. Filamu ilitoka Oktoba 1968, miezi sita baada ya Martin Luther King kuuawa, na picha zile za mwisho zilibeba uzito ambao karatasi haikuwa nao. Uchaguzi wa mwigizaji ni uandishi pia. Ufanye macho yakiwa wazi.

Hatua ya 8: Someni pamoja mezani

Kabla ya kushuti, funika majina kwenye kurasa kumi za katikati, umpe mtu asiyeijua hadithi asome. Akishindwa kutofautisha nani anasema nini, maneno yao bado ni yako wewe. Mara nyingi tiba ni kupunguza: mmoja awe anajibu swali kwa swali, mwingine asimalizie sentensi, mwingine anyamaze kabisa kwenye ukurasa mzima.

Kisha waite waigizaji msome kwa sauti. Mmoja atauliza swali linaloulizwa kila mara kwenye filamu hizi: "Kwa nini nashuka huko chini peke yangu?" Usimjibu kwamba ndivyo filamu za kutisha zilivyo. Mjibu kwa jambo analolitaka mhusika wake: dawa ya mdogo wake iko kule chini, au mwenzake ameita jina lake. Ukikosa jibu la sentensi moja, ukurasa huo urudi kuandikwa, na siku ya kushuti isogezwe mbele hadi jibu lipatikane.